Amandina Lihamba na jukwaa la Tuseme: kisa cha mwigizaji aliyewaachia wasichana hadithi yao

Wapenzi wa filamu walio nje ya Tanzania, kama wanamfahamu Amandina Lihamba, wanamfahamu kwa sura ya mwanamke asiyesema. Katika Maangamizi, filamu ya mwaka 2001 iliyoongozwa na Martin Mhando na Ron Mulvihill, yeye ndiye Samehe, mgonjwa katika hospitali ya magonjwa ya akili. Daktari Mmarekani mweusi aitwaye Asira anahangaika kumfikia, na Samehe yuko mbali, kwenye dunia anayoijua yeye na mzimu wa kale unaomlinda. Hiyo ndiyo filamu ya kwanza ambayo Tanzania iliipeleka kuwania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni.

Miaka mitano kabla filamu hiyo haijatoka, mwaka 1996, mwigizaji huyohuyo na mwenzake wa siku nyingi, Penina Mlama, walikuwa wameanzisha katika shule za sekondari mradi wa maigizo uitwao Tuseme. Kazi ya mradi huo ilikuwa kuwawezesha wasichana wanaokaa kimya darasani wayaseme yanayowakwamisha, tena mbele ya walimu wao.

Kisa ninachokichambua hapa ni hicho cha pili. Lakini siwezi kukisoma bila cha kwanza, wala bila kijiji cha Malya kilichotangulia vyote viwili. Ninachotaka kujua ni hiki: mwigizaji aliyekomaa anapoamua kulea wengine, anawapa nini? Wengi wetu tungejibu kwamba anawapa ufundi wake, yaani namna ya kusimama, kutoa sauti, kulia machozi ya kweli. Lihamba na Mlama walitoa kitu kingine, kigumu zaidi kukiachia. Waliwapa wasichana mamlaka ya kuamua igizo linahusu nini.

Alikotokea

Lihamba alizaliwa Morogoro mwaka 1944. Ni wa kizazi kilichopata utu uzima pamoja na Uhuru, kikaingia kwenye sanaa wakati Azimio la Arusha la 1967 likitaka kila ngoma na kila shairi vijenge taifa. Ni zama za ngonjera zilizokaririwa shuleni na kwenye sherehe za kitaifa, wanafunzi wakiwa wamejipanga mistari miwili, mmoja akijifanya haelewi siasa ya Ujamaa na mwingine akimwelewesha. Tasnifu yake ya udaktari, aliyoikamilisha katika Chuo Kikuu cha Leeds, Uingereza, mwaka 1985, ilihusu jambo hilo: siasa na sanaa za maonyesho nchini Tanzania baada ya Azimio.

Naitaja tasnifu hiyo kwa sababu inaeleza mengi yaliyofuata. Mtu aliyetumia miaka kuchunguza jinsi jukwaa linavyogeuka kipaza sauti cha wenye mamlaka hawezi baadaye kuingia shuleni na igizo alilolitunga ofisini, akawapa watoto walikariri, akaondoka akiamini amewakomboa. Angekuwa anarudia ngonjera zilezile kwa maneno mapya.

Mwenyewe aliandika. Hawala ya Fedha ya mwaka 1980 aliitoa kwenye kazi ya Msenegali Ousmane Sembène. Harakati za Ukombozi ya mwaka 1982 aliitunga pamoja na Penina Muhando, ndiye huyohuyo Mlama, na Ndyanao Balisidya. Mkutano wa Pili wa Ndege ilitoka mwaka 1992. Maisha yake ya kila siku yalikuwa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kwenye idara ya sanaa za maonyesho, akifundisha, akiongoza na kuigiza.

Filamu zilikuja kwa nadra. Mwaka 1985 aliigiza katika Arusi ya Mariamu ya Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, hadithi ya mwanamke anayeugua, asiyepata nafuu hospitalini, na anayeogopa waganga wa jadi kwa sababu ya jambo lililomwumiza akiwa mtoto. Kisha ikaja Maangamizi. Mtu wa leo aliyezoea kuona mwigizaji wa Bongo akitoa filamu baada ya filamu anaweza kudhani orodha hiyo ni fupi kwa sababu hakutafutwa. Ukweli ni kwamba nchi yenyewe ilikuwa na filamu chache za hadithi. Kampuni ya Filamu Tanzania ilikuwa ya serikali, vifaa vilikuwa ghali, na mwigizaji aliyetaka kuishi kwa kamera peke yake asingeweza. Kwa hiyo kizazi chake kililelewa na jukwaa, na ualimu ndio uliolipa.

Ukimya kama kazi ya mwigizaji

Nikae kidogo kwenye nafasi ya Samehe, maana naiona kuwa ufunguo.

Kumwigiza mtu asiyesema ni mtihani ambao waigizaji wengi wanaufeli kwa njia moja: wanakuwa watupu. Macho yanatazama ukutani, mikono inalala mapajani, na mtazamaji anaona mtu anayesubiri zamu yake ya kuongea. Mwigizaji anayeiweza nafasi hiyo anafanya kinyume. Anajijaza. Anajua mhusika wake anasikia nini, anakataa kujibu nini, neno gani likitamkwa pumzi yake itabadilika. Mwenzake anayemwelekezea maneno anapata kitu cha kuhangaika nacho, kwa sababu upande wa pili kuna mtu, ingawa mtu huyo hajibu. Katika Maangamizi uzito wa maneno umebebwa na daktari, lakini mzigo wa hadithi umo kwa mgonjwa, na ndiyo maana filamu ile inasimama.

Sasa mchukue mwigizaji anayeijua siri hiyo mwilini mwake, umpeleke mbele ya darasa la kidato cha pili ambalo wasichana wake wameinamisha vichwa. Mwalimu wa kawaida anayaona madawati hayo na kusema: hawa hawajui, hawajasoma, hawana cha kusema. Mtu wa jukwaa anaona ukimya uliojaa. Anajua kwamba kuna neno likitamkwa pumzi zitabadilika, na kazi yake ni kulitafuta. Siwezi kuthibitisha kwamba Lihamba alilifikiria jambo hili hivyo, lakini ukiitazama njia ya Tuseme hatua kwa hatua, ni njia ya mtu anayeamini kwamba aliye kimya anajua.

Malya, kabla ya shule

Tuseme haikuzuka 1996 kutoka hewani. Mwaka 1982 na 1983, Lihamba, Mlama na mwenzao Eberhard Chambulikazi walifanya kazi katika kijiji cha Malya, wilayani Kwimba, mkoani Mwanza. Walikwenda bila igizo. Walikaa na wanakijiji, vijana hasa, wakauliza ni matatizo gani yanayowasumbua, wakayachambua pamoja, kisha wakatengeneza maonyesho kutokana na ngoma na sanaa za Wasukuma wenyewe. Miongoni mwa yaliyojitokeza, lililobebwa jukwaani lilikuwa mimba za wasichana wa shule.

Wakati huo njia za namna hiyo zilikuwa zikijaribiwa sehemu nyingi za Afrika, na hazikuwa salama. Nchini Kenya, wakulima na wafanyakazi wa Kamĩrĩĩthũ, Limuru, waliigiza mwaka 1977 tamthiliya waliyoijenga pamoja na Ngũgĩ wa Thiong'o na Ngũgĩ wa Mĩriĩ. Serikali ikafuta kibali chake mwaka huohuo, Ngũgĩ wa Thiong'o akawekwa kizuizini, na mwaka 1982 ukumbi wa kijiji ukabomolewa. Huo ndio mwaka kazi ya Malya ilipoanza. Hali ya Tanzania ilikuwa tofauti na wale watatu walikuwa na mwavuli wa chuo kikuu, lakini kila aliyekuwa kwenye fani hii alijua kwamba ukiwaachia watu hadithi yao, wanaweza kusema jambo ambalo mwenye nguvu hataki kulisikia.

Malya iliwafundisha jambo la kiufundi ambalo lilionekana tena baadaye: onyesho ni katikati ya kazi, kabla yake kuna uchambuzi na baada yake kuna mjadala na utekelezaji. Kikundi kinachofika kwa gari asubuhi, kikaigiza juu ya usafi wa vyoo mchana na kuondoka jioni, kimeburudisha tu. Mlama amelieleza hilo kwa kirefu katika maandishi yake kuhusu sanaa na maendeleo, na nakubaliana naye kabisa. Tumeona magari mengi ya namna hiyo tangu wakati huo, yenye fulana na vipeperushi, na nyuma yake kijiji kikibaki kilivyokuwa.

Hali ya msichana wa sekondari

Ili uelewe kwa nini shule, fikiria safari ya msichana wa Kitanzania wa miaka ya 1990. Amesoma darasa la kwanza hadi la saba kwa Kiswahili. Anaingia kidato cha kwanza, na ghafla kila somo isipokuwa Kiswahili linafundishwa kwa Kiingereza. Mvulana aliye jirani yake yumo katika shida hiyohiyo, lakini mvulana akikosea Kiingereza anachekwa na yanaisha. Msichana akikosea anachekwa, kisha anakumbuka aliyoambiwa nyumbani tangu utotoni kwamba mtoto wa kike hajibizani na wakubwa, haangalii watu usoni, hapazi sauti. Anaamua kunyamaza. Wiki inakuwa muhula, muhula unakuwa mwaka.

Nje ya darasa mambo ni mazito zaidi. Wa shule ya kutwa anatembea kilomita nyingi au anategemea daladala, na konda anayemwachia nauli ana lake jambo. Aliyepanga chumba karibu na shule, lile geto la wanafunzi, hana mtu mzima wa kumlinda usiku. Wa bweni ana mwalimu anayemwita ofisini baada ya prepo. Nyumbani kuna maji ya kuchota na wadogo wa kuogesha kabla hajafungua daftari. Na akipata mimba anafukuzwa shule. Utaratibu huo ulikuwepo kwa miaka, na kanuni za mwaka 2002 za kufukuza wanafunzi, kwa kifungu chake kuhusu makosa ya maadili, ziliendelea kuupa nguvu.

Hapa kuna jambo ambalo wenye takwimu hulikosa. Kila mtu shuleni anajua. Matroni anajua ni mwalimu gani. Dada mkuu anajua. Mkuu wa shule, mara nyingi, anajua au angejua kama angetaka. Kinachokosekana ni mahali ambapo jambo hilo linaweza kusemwa bila msemaji kuadhibiwa peke yake.

Jinsi kazi inavyofanyika

Tuseme huanza kwa warsha. Wasichana wanakusanyika na wawezeshaji, wanakaa kwa duara, na siku za kwanza hakuna anayeigiza chochote. Kunakuwa na michezo ya sauti na mwili, nyimbo, kusimulia hadithi. Mtu aliyezoea kuongea ameinamisha kichwa anajifunza kwanza kusema jina lake likafika upande wa pili wa ukumbi. Mwezeshaji mzuri hapo anavumilia. Anamwacha msichana arudie bila kumwambia «sema kwa nguvu», kwa sababu hiyo ni amri, na amri zimejaa shuleni.

Kisha wanaorodhesha yanayowazuia kusoma, na hapa napenda kusogea karibu, kwa sababu ndipo penye moyo wa njia yenyewe.

Orodha ya kwanza kwa kawaida ni ya kumpendeza mgeni: uhaba wa vitabu, uchafu wa vyoo, chakula kibaya, maji. Yote ni ya kweli, na hakuna anayeweza kukasirika. Mwezeshaji haikatai orodha. Anachukua jambo moja na kuuliza kwa nini. Wasichana wanafeli hisabati, kwa nini? Hawaulizi maswali. Kwa nini? Wanaogopa. Wanaogopa nini? Kuchekwa. Hapo kunakuwa na utulivu, na mmoja, mara nyingi yule ambaye hakutegemewa, anasema kwamba kuna mwalimu ambaye ukienda kumwuliza swali ofisini hutoki ulivyoingia. Sasa mazungumzo yamefika mahali pengine. Swali la hisabati limekuwa swali la ofisi yenye mlango unaofungwa.

Hakuna anayetaja jina, na haitakiwi. Kuanzia hapo ndipo sanaa inapoanza kulipa gharama yake. Wanatengeneza igizo lenye mwalimu ambaye si mwalimu wa shule hii, katika shule ambayo haipo, na msichana ambaye hayupo darasani kwao. Wanachagua umbo: wengine wanataka ngoma, wengine ngonjera, wengine majigambo, wengine kichekesho, na mara nyingi vyote vinachanganyika. Msichana anavaa koti la mwalimu, anaweka kalamu mfuko wa juu, anatembea kama mwalimu anavyotembea, na wenzake wanaanguka kwa kicheko kwa sababu mwendo huo wanaujua.

Siku ya onyesho, bwalo linajaa. Walimu wanakaa viti vya mbele, kama itifaki inavyotaka, wanafunzi nyuma yao. Igizo linafika kwenye ofisi na mlango, kicheko kinakatika. Hapo wanafunzi wa nyuma hawaangalii jukwaa tena. Wanaangalia visogo vya walimu.

Baada ya onyesho unafuata mjadala, na huu haurukwi. Je, mambo haya yapo? Yapo hapa? Nini kifanyike, nani akifanye, lini? Inaundwa kamati ya wanafunzi na walimu ya kufuatilia kilichokubaliwa. Klabu ya Tuseme inabaki shuleni, wasichana wapya wanaingizwa, na matamasha yanawakutanisha wasichana wa shule mbalimbali, hivyo wa shule moja anagundua kwamba tatizo alilolidhani ni lake au la shule yake lipo kila mahali.

Kwa nini ilifanya kazi

Naona sababu mbili kubwa, na ya kwanza imezama katika mila kuliko watu wanavyofikiri. Jamii zetu nyingi zilimfundisha msichana kwa maonyesho tangu zamani. Unyago wa Wazaramo na jamii nyingine za pwani una ngoma, nyimbo, vichekesho na maigizo, na kungwi anayeyaongoza ni mwalimu na mwigizaji kwa pamoja. Ndani ya unyago msichana anaambiwa mambo ambayo nje ya hapo hayatamkwi kabisa. Tuseme iliutumia uhuru huo wa jukwaa kusema yasiyosemeka, lakini ikageuza mwelekeo wa maneno. Unyagoni mkubwa ndiye anayemwambia mdogo. Bwaloni mdogo anasema, na wakubwa wameketi.

Sababu ya pili ni ngao ya uhusika. Msichana akisimama paredi akasema «mwalimu fulani ananisumbua», kesho yake ni shahidi, keshokutwa ni mtuhumiwa wa kuchafua jina la mwalimu. Akilisema ndani ya igizo, ni kundi zima limesema, na hakuna aliyesema. Mwalimu anayekasirika anakuwa amejitaja mwenyewe. Waigizaji wanaijua nguvu hii vizuri: unaweza kuvaa mtu mwingine ukasema ukweli wako wote. Lihamba na Mlama waliichukua siri hiyo ya kazi yao wakaikabidhi kwa watu ambao hawakukusudia kuwa waigizaji hata siku moja. Kwangu mimi huo ndio ulezi mkubwa kuliko kutoa nyota kumi wa filamu.

Nilinganishe na malezi mengine yaliyokuwa yakiendelea jijini miaka hiyohiyo. Televisheni binafsi ziliingia Tanzania bara mwaka 1994, ITV ikiwa miongoni mwa za kwanza, na vikundi vya maigizo vikapata nyumba mpya. Kaole Sanaa Group ndicho kinachokumbukwa zaidi. Steven Kanumba, aliyefariki mwaka 2012, alipitia huko kabla ya kuwa jina kubwa la filamu. Malezi ya vikundi yalikuwa ya kweli na ya kujitolea: kijana anafika mazoezini kila siku bila posho, anabeba vifaa, anasubiri nafasi, mkongwe anamrekebisha hadi siku moja anapewa sehemu mbili fupi za kuigiza. Soko zima la filamu za Bongo lina deni kwa vikundi hivyo, na sipendi wasomi wanaovibeza. Ila katika mfumo ule hadithi ilibaki mikononi mwa kiongozi wa kikundi. Kijana alijifunza kuigiza anachopewa, na msichana, hasa, alikuwa hana njia ya kusema kwamba nafasi ile inamdhalilisha, au kwamba nafasi inatolewa kwa masharti. Malalamiko ya rushwa ya ngono kwenye tasnia yetu hayakuanza jana. Ningependa kuona njia ya Tuseme ikiingizwa mazoezini, kwa waigizaji wenyewe, kabla ya kamera kuwashwa.

Palipopwaya

Mradi huu una mapungufu, na ni vibaya kuyafunika kwa heshima.

Kwanza, unategemea mkuu wa shule. Mkuu anayetaka kusikia anaupa mradi uhai. Asiyetaka hana haja ya kuupiga marufuku. Anaipanga klabu saa ileile ya usafi wa mazingira, anamhamishia mwalimu mlezi majukumu mengine, na baada ya muhula mmoja imekwisha. Kamati ya ufuatiliaji iliyokubaliwa kwa makofi haina meno mbele ya mtu anayeandika ripoti za walimu wenzake.

Pili, wawezeshaji. Wawili waliobuni njia hii walikuwa na uzoefu wa miaka ya jukwaa na vijiji. Mwalimu wa kemia aliyehudhuria mafunzo mafupi na kurudi na kitabu cha mwongozo anaona hatua, lakini sikio la kusubiri kile kimya cha baada ya «wanaogopa nini» halimo kwenye mwongozo. Hapo mradi unarudi kwenye hatari ya zamani. Mwalimu anachagua mada, kwa kuwa mwezi huu mfadhili anataka Ukimwi, wasichana wanakariri, wageni wanapiga makofi, na tumerudi kwenye ngonjera. Nimeona maonyesho ya kutosha ya namna hiyo kusema kwamba hatari hii si ya kufikirika.

Tatu, wavulana. Kuanza na wasichana peke yao kulikuwa sahihi, maana wasingesema mbele ya kaka zao. Lakini anayecheka darasani yuko nje ya duara, na asipoingia kwenye mazungumzo kicheko kinaendelea. Njia hii ilipoenea baadaye, wavulana waliingizwa, na nadhani hapo waliofuata walifanya vema kuliko mwanzo.

Kuenea kwenyewe kulikuja kupitia FAWE, jukwaa la wanawake waelimishaji wa Afrika lililoanzishwa mwaka 1992, makao yake makuu yakiwa Nairobi. Mlama alikuja kuwa Mkurugenzi Mtendaji wake, na Tuseme ikapelekwa katika shule za nchi nyingine kadhaa barani. Lihamba alibaki na jukwaa, chuo na kalamu. Mwaka 2007 alikuwa miongoni mwa wahariri wa juzuu la Afrika Mashariki la mkusanyiko mkubwa wa maandishi ya wanawake wa Afrika. Kazi hiyo naiweka kwenye kisa hiki bila kusita. Aliyeanza kwa kuwatafutia wasichana wa sekondari mahali pa kusemea amekwenda kutafuta pia maneno ya wanawake yaliyokuwa yamesahauliwa kwenye nyaraka na masimulizi.

Sheria nazo zimesogea. Sheria ya makosa ya kujamiiana ya 1998 ilikaza adhabu, na marekebisho ya Sheria ya Elimu ya mwaka 2016 yaliweka kifungo cha miaka 30 kwa anayempa mwanafunzi mimba. Ila anayefungwa ni mmoja kati ya wengi, na msichana aliendelea kufukuzwa hadi Novemba 2021, serikali ilipotangaza kwamba wanafunzi waliokatisha masomo kwa ujauzito wanaruhusiwa kurudi katika mfumo rasmi. Sidai kwamba Tuseme ndiyo iliyoleta badiliko hilo. Watu wengi walilipigania kwa njia nyingi. Ninachosema ni kwamba badiliko hilo linaipa klabu ya shule kazi mpya kabisa ya kisanaa. Kwa miaka yote, igizo la mimba ya mwanafunzi lilikuwa na mwisho mmoja uliojulikana: tranka linafungwa, msichana anaondoka, wenzake wanaimba. Sasa kuna tendo la pili. Amerudi, kidato cha tatu, mtoto amebaki kwa bibi, maziwa yanavuja kwenye shati la shule kipindi cha jiografia, na yule mwalimu bado anafundisha. Wa kulitunga tendo hilo ni wasichana waliorudi wenyewe, na shule zenye klabu hai ndizo zianze nalo mwaka huu wa masomo.